Karani wa Njoo Kesho

Bomba lilikuwa kavu tena. Insaf alichota kikombe kimoja kwenye ndoo ya jana, akainyunyizia suti ya mumewe maji kwa ncha za vidole, akaipiga pasi polepole, mkono wa kushoto ukishika bega la koti kana kwamba kuna mtu ndani yake.

"Usiunguze kola," Sidki alisema.

"Kola zako nazipiga pasi tangu enzi za mfalme. Kunywa chai yako, wewe."

Sidki Wahba alikuwa mwigizaji. Kairo nzima ilimjua kwa sura, wala haikumjua kwa jina. Enzi hizo filamu za kuchekesha zilitoka kama mikate, na karibu kila moja ilihitaji karani wa serikali nyuma ya meza. Karani huyo alikuwa yeye. Mchezo wake ulikuwa mmoja tu. Mwenye shida analeta karatasi. Karani anaushika muhuri, anaupulizia pumzi, anauinua juu, na mwenye shida anaanza kutabasamu. Hapo muhuri unasimama hewani. Karani anatazama saa ya ukutani, anaurudisha muhuri mahali pake, anasema, "Njoo kesho." Watu sinemani walicheka mpaka wakapiga viti mateke. Watoto wa mtaani kwake, Shubra, walimwandama barabarani wakimwita Njoo Kesho, naye akiwapungia mkono.

Katika filamu zote hizo hakuwahi kupewa jina, wala nyumba, wala mke. Alizaliwa na kufa nyuma ya meza. Insaf alikuwa akienda kumtazama miaka ya mwanzo, kisha akaacha. Alichoka kumwona mumewe akipigwa makofi na kumwagiwa wino huku umati ukishangilia. "Nitarudi sinema siku utakayoigiza mtu mwenye kwake," alimwambia, na hakuwa akitania.

Sasa siku hiyo ilikuwa imefika. Mwongozaji mmoja kijana, Hilmi Sabet, alimfuata kwenye mkahawa wanaposhinda waigizaji wakingoja kuitwa, akampa sehemu ya Mzee Abdelmaula, baba anayemwoza binti yake wa pekee. Filamu ni ya kuchekesha, lakini baba hachekwi. Ana jina, ana sebule, ana mke, na mwishoni anamshika binti mkono na kumkabidhi kwa mumewe. Sidki na Insaf hawakujaliwa mtoto. Sidki aliyarudia maneno ya baba yule chumbani mpaka Insaf naye akayashika, na mara moja alimsikia jikoni akiyajibu peke yake, kama mama wa bibi harusi. Sidki aliitamani sehemu ile hata chakula kikawa hakipiti.

Insaf alimvisha koti, akarudi nyuma kumtazama.

"Tarbushi?"

"Iache juu ya kabati. Mzee Abdelmaula anatembea kichwa wazi." Tangu mfalme aondoke, tarbushi ziliondolewa maofisini, na mwenye filamu aliyetaka tarbushi alitaka mtu wa kuchekwa.

Kilichosalia ni muhuri. Amri mpya ilisema hakuna mwigizaji mwenye sehemu yenye jina atakayeingia kupiga picha bila kadi ya uigizaji iliyogongwa muhuri wa mwaka huu. Wiki iliyopita aliambiwa mkubwa hayupo. Leo picha inaanza adhuhuri, kwa hiyo alidandia tramu mapema, akapanda ngazi za ofisi inayogonga kadi huku kola ikiwa bado imenyooka kwa pasi, akasimama foleni mpaka saa tano.

Karani wa dirishani, kijana aitwaye Shafik, aliinua macho, na uso wake ukafunguka.

"Si Njoo Kesho huyu? Jamani, njooni mwone nani kaja!"

"Mwanangu, nina haraka. Nigongee tu niende, wananingoja."

"Hilo dogo, ami. Lakini tuonyeshe kwanza. Mara moja tu! Nikimwambia mke wangu nilikuona na hukutuonyesha, wallahi nalala nje."

Makarani waliacha meza zao. Mtu alimvuta ndani kwa mkono, mwingine akampisha kitini. Kutoka kabatini ilitolewa tarbushi ya bosi wa zamani, ikapanguswa vumbi kwa kiwiko, ikawekwa kichwani pake. Shafik alizunguka akasimama mbele ya meza kama mwenye shida, na kwa kuwa alihitaji karatasi, alichukua kadi ya Sidki mwenyewe akaitandaza mbele yake. Kisha akamkabidhi muhuri. Muhuri wenyewe, wa kweli, wenye wino.

Sidki aliupulizia. Akauinua. Chini yake kadi ilikuwa wazi, mahali pa kugongwa peupe, na hakuna mkono duniani uliomzuia. Lakini chumba kizima kilikuwa kimeshika pumzi, na kwake yeye hakukuwa na kitu kitamu kama pumzi ile iliyoshikwa. Aliusimamisha muhuri hewani. Akageuza shingo taratibu kuelekea saa ya ukutani.

"Njoo kesho."

Walicheka mpaka mmoja akakaa sakafuni. Mkubwa wa ofisi alifungua mlango wake kuuliza kelele za nini, naye akaomba arudiwe. Sidki akarudia. Safari hii alichelewesha zaidi, akaongeza kukohoa, akaongeza kufuta miwani, kwa sababu aliona bado kuna kicheko ndani yao na hakuweza kukiacha humo. Mkubwa alijifuta machozi, akamshukuru, akauchukua muhuri mezani, akaufungia ndani ya droo, akatia funguo mfukoni na kuondoka zake.

"Na yangu je?" Sidki aliuliza.

Shafik alikuwa bado anahema kwa kucheka. "Mkubwa ndiye mwenye funguo, ami, na keshaenda kula. Akitoka saa hizi harudi." Akanyanyua mabega. "Njoo kesho."

Kicheko kililipuka upya. Sidki alitabasamu, akangoja kiishe ili Shafik aseme anatania. Kiliisha. Shafik alikuwa anavaa koti lake. Sidki akaivua tarbushi na kuiweka mezani, akaichukua kadi yake.

Huko walikopigia picha, Hilmi alitoka mpaka getini kuonana naye. Hakuweza kumtazama usoni.

"Mkaguzi yuko ndani tangu asubuhi, ustadhi. Nilikusubiri mpaka nikaona aibu. Nimempa Nazim Fikri, yeye ana kadi."

"Kesho nitakuwa nayo."

"Kesho hatuna ukumbi." Hilmi alisugua kiatu chake chini. "Lakini kuna karani. Ni kibarua tu, hakina jina, hakiulizwi kadi. Unapitia mlango wa nyuma. Baba anakuja kutafuta cheti cha ndoa ya binti, karani anamsumbua. Unaujua mchezo huo, ami, hata ukiwa usingizini."

Sidki angeweza kukataa. Lakini angerudije nyumbani saa zile, na suti safi vile? Alipitia mlango wa nyuma. Walimpa tarbushi, wakamketisha.

Taa ziliwaka. Nazim Fikri aliingia kichwa wazi, amevaa suti ya kijivu, na karatasi mkononi. Alikuwa mtu mwema, na ilionekana anaona haya.

"Bwana karani," alisema, "binti yangu anaolewa."

Yalikuwa yale maneno ambayo Insaf aliyajibu jikoni. Sidki alimtazama mtu yule kwa wivu. Akaushika muhuri, akaupulizia, akauinua. Nyuma ya kamera watu walikwishaanza kubana midomo wasicheke. Alisahau kutazama saa, au labda hakusahau.

"Mabruki, baba," alisema. "Kaa kwanza, umepanda ngazi. Jina lake nani bibi harusi?"

Nazim alishtuka. "Samira," alisema taratibu.

"Mungu amjaalie Samira." Na muhuri ukashuka, ukagonga karatasi kwa kishindo.

"Kata!" Hilmi alipiga kelele. "Ami Sidki, maneno yako!"

"Ndiyo maneno yangu."

"Tunaharibu mkanda wa filamu, ustadhi! Unajua bei yake. Watazamaji watacheka nini hapo?"

"Sijui. Wana haki ya kugongewa muhuri hata mara moja."

Walirudia. Mwenye shida aliingia, muhuri ukapuliziwa, ukainuliwa, ukashuka. Fundi mmoja wa taa, juu kule kwenye ngazi, alipiga makofi peke yake, kisha akaacha. Hilmi aliomba karani mwingine. Sidki aliivua tarbushi, akairudisha kwa mwenye mavazi, akatoka tena kwa mlango wa nyuma.

Insaf alikuwa amekaa jikoni, ndoo tupu miguuni pake. Alimwona usoni kabla hajafungua mdomo.

"Hawakukupa."

"Hawakunipa." Akamsimulia yote, hata la muhuri wa kweli aliokuwa nao mkononi. Alidhani atamgombeza kwa hilo. Insaf aliinuka akamvua koti.

"Nilikuwa nimekwishatoa gauni la kuendea sinema," alisema. Kisha akasogeza kiti mezani. "Nionyeshe. Hilo la mwisho, si lile la kila siku."

"Insaf, nimechoka."

"Nionyeshe."

Sidki alikaa upande wa pili wa meza ya jikoni. Hakuwa na tarbushi wala muhuri. "Karibu, bibi," alisema. "Kaa. Shida yako nini?"

Insaf alikaa. Alianza kwa kuigiza, mikono imekunjwa mapajani, sauti nyembamba. "Bwana karani, bomba letu halitoi maji. Nakuja hapa tangu majira ya baridi." Akaendelea. Alisema la ndoo na ngazi, la goti lake, la maofisa waliomtuma chumba hiki na kile, na katikati ya maneno sauti ikawa yake mwenyewe na machozi yakaanza kumtoka. Sidki alimsikiliza mpaka mwisho, bila kutazama saa.

Kisha alikunja ngumi, akaipulizia, akaiinua. Insaf aliifuata kwa macho ilivyopanda. Sidki akaishusha mezani, vikombe vikaruka.