Jina la Mama Mkwe Kwenye Lango la Masista

Mfuniko wa sufuria unagonga. Tik, tik, kisha kimya, kisha tik, maharage yanachemka kwenye jiko la mkaa nje ya mlango, umeme umekatika tangu magharibi na mimi nimekaa mkekani gizani na sindano mkononi, napapasa ukosi wa gauni la shule. Kesho asubuhi nampeleka mwanangu bweni la masista, ana miaka saba, na barua yao imesema kila nguo ishonwe jina la mtoto kwa uzi mwekundu. Herufi saba. Kuandika nimejifunza juzi juzi tu, kwenye masomo ya jioni pale parokiani, na herufi hizi nazionea fahari kama mtu aliyezizaa, ila kuzitamka siwezi, kwa sababu mwanangu ana jina la mama mkwe, na kwetu mkamwana hamtaji mkwewe jina hata nyumba ikiungua. Kwa hiyo mtoto namwita Mkwe. Mkwe njoo ule, Mkwe acha kulamba sukari. Bibi yake humwita Somo. Anayelitaja jina ni baba yake, naye yuko safarini, kwa hiyo kesho langoni nitasimama peke yangu, na wakiniuliza huyu anaitwa nani sijui nitajibu nini. Tik, inasema sufuria. Nafumba macho kidogo tu, nipumzishe sindano, na tik inayofuata inalia mbali zaidi, inalia nzito, inalia kama kengele.

Niko barabarani. Barabara ni nyekundu, ina mikaratusi pande zote mbili, natembea nayo inatembea chini yangu, kila nikifika mwisho wake naukuta ni mwanzo. Mwanangu alikuwa ameshika kanga yangu, naona pindo bado limekunjamana pale alipolikamata, lakini mkono haupo. Mbele yangu anakwenda sista, amevaa joho jeupe la zamani kama wale wa kwenye picha ya darasani kwetu, masista wa kwanza na watoto waliokombolewa kutoka misafara ya watumwa, ile picha ambayo kila Jumanne naitazama na kujiuliza mama zao wako wapi. Nakimbia namfikia, nasema Tumsifu Yesu Kristo, ananigeukia, na ndani ya shela hamna uso, kuna weupe tu kama sahani iliyooshwa. Milele amina, anajibu, na sauti yake ni ya mtu mchovu. Sista, nasema, namtafuta mwanangu, njia ya kwenda kwa watoto ni ipi? Ni ile unayoipa kisogo, anasema. Nageuka, na kweli njia imehama, iko nyuma yangu. Kitendawili, anasema. Tega, nasema, maana nimelelewa vizuri, hata kwa mtu asiye na uso najibu. Nilipewa kabla sijaomba, nalala nacho, lakini wanaokitumia ni wengine. Jina, nasema, na ulimi unaanza kuwa mzito. Basi unao ufunguo, anasema, wahi, kengele zinalia tatu, ya kwanza umeshaisikia, ikilia ya tatu lango linafungwa na wino unakauka.

Natembea na mji unakuja wenyewe. Ni mji wa misheni, kuta za tofali mbichi zilizopakwa chokaa, kanisa, visima, mashamba ya mihogo yaliyopimwa kwa kamba, na mbele yake umesimama mji mwingine uleule umetazamana nao, kanisa kwa kanisa, kisima kwa kisima, upande huu wasichana na masista, upande ule wavulana na mapadri, na katikati uwanja mtupu unaong'aa kama maji yaliyotulia. Wasichana wamepanga mstari, magauni ya kitambaa cha marekani, vichwa vimenyolewa, kila mmoja ameshika kibao cha kuandikia, na kila ninayemtazama ana macho ya mwanangu. Naita Mkwe! Mstari mzima unacheka. Eti mkwe, anasema mmoja mwenye pengo, kwani tunaozwa leo? Mwingine anasema, labda anamtafuta bibi kizee, bibi vizee hawachukui hapa, hawajui kukaa kwenye mstari. Naita tena, Mkwe wangu, mama nimekuja, na kule mwisho wa mstari kichwa kimoja kinanyanyuka, naliona kovu lake la tetekuwanga juu ya jicho, ni yeye, lakini haji. Mbona haji? nawauliza. Yule wa pengo haniangalii tena, anasema polepole, shangazi, sheria ya hapa mtu haitiki mpaka aitwe jina, akiitika bila jina anakosa uji. Na kengele ya pili inalia.

Langoni kuna meza, na mezani amekaa sista mwenye uso. Ni kijana, hanizidi umri, mashavu yamewaka homa. Mimi ni Sista Klotilda, anasema, u hali gani, bibi? Kiswahili chake amekitoa kitabuni, kila neno limepigwa pasi. Sista, nasema, yule wa mwisho pale ni mwanangu, nimekuja kumchukua. Anatabasamu, na ni tabasamu jema, hilo ndilo linaloniogopesha. Vema sana, anasema, anaitwa nani? Anachovya kalamu, anangoja. Bibi, anaitwa nani? Natoa gauni kifuani, nasema soma hapa Sista, nimemshonea mwenyewe, nalo gauni limetazama upande wa pili wa uwanja, herufi zangu saba zimegeuka kinyumenyume kama za kwenye kioo. Sista Klotilda anaziinamia, anazifuata kwa kidole, anatikisa kichwa. Sizijui, anasema. Pole, bibi. Wengi huja hapa wakisema huyu ni wangu, na wengine ni wauzaji wa watu. Mama hujua jina la mtoto wake. Mtoto ambaye hakuna ajuaye jina lake, sisi humwandika yatima, humpa jina la mtakatifu wa siku, naye hujifunza kusoma na kushona, hupata dawa na godoro. Je, hilo ni baya? Si baya, nasema, na machozi yananitoka kwa sababu kweli si baya, ndicho nilichomwombea, kusoma, kushona, godoro. Lakini si yatima, Sista, mimi niko hapa. Nalijua jina, ila kwetu halitamkwi. Ananitazama kama mtu anayetafuta neno kwenye kitabu na ukurasa umechanika. Jina lisilotamkwa, anasema, hilo ni la Mungu tu. Kisha anashusha sauti. Na mimi, bibi, Klotilda ni jina la watawa, nilipewa siku ya kuvaa shela. Mama alinipa jingine, kule kwetu kwenye theluji. Alipokuja kuniaga aliniita kwa lile la utoto, na mimi nilikuwa nimefundishwa kutoitikia, sikuitika. Kalamu yake imefika kwenye karatasi. Naona anaanza kuandika, Y, kisha a.

Kanga yangu inavutwa. Nageuka nikidhani ni mtoto, kumbe ni mama mkwe mwenyewe, amekaa kwenye kigoda chake katikati ya njia, anachambua mchele. Thubutu, ananiambia bila kuinua macho. Univue nguo mbele ya wazungu na watoto walionyolewa! Mama, nasema, wanamwandika yatima. Waandike, anasema, karatasi hailii. Mama, nikinyamaza hatarudi. Ukisema, mimi nitakutazamaje kesho? anasema, na vidole vyake vimesimama juu ya ungo. Namgeuzia mgongo. Sijawahi kumfanyia hivyo tangu nilipoolewa. Kule juu kamba ya kengele inaanza kukazwa, na yule asiye na uso amekwisha kushika bawa la lango, naye analivuta polepole, halipigi kelele hata kidogo. Mwanangu amegeuza uso kuelekea uwanja, wanamgeuza, mkono wa mtu uko begani kwake. Nashika meza ya Sista Klotilda, wino unamwagika juu ya ile Y, na najisikia nikipiga kelele, kwa sauti ambayo sikuwahi kuwa nayo, mara moja tu, Kalunde!

Na ni mwanga. Mweupe, mkali, umenijaa machoni, sijui kama ni taa imerudi au ni chokaa ya ukuta wa misheni. Nimelala juu ya kitu kigumu. Kuna harufu ya kitu kinachoungua. Chumba cha pili, ambako mama mkwe huwa hanyamazi mpaka usingizi umnyamazishe, kumetulia kabisa, kumetulia kama mtu aliyezuia pumzi, nami nangoja, mkono mdomoni, nisikie kama itakuwa kengele au itakuwa kikohozi chake, na hakiji hiki wala ile. Kisha nasikia nyayo ndogo zinakuja sakafuni, zinasimama mlangoni, na mtoto anasema:

Mama, umeniita Kalunde.