Makasia Yanyamaze

Mwaka wa hamsini na sita, asubuhi wanawake wa Nchelenge, kando ya ziwa, wakianika samaki, Jessy aliingia kwenye matete. Alikuwa na miaka sita, hajawahi kutamka neno, na ukimwita ni kama unaliita jiwe. Rosaria, mama yake, aliona nyayo ndogo zikiishia majini. Juzi tu mamba alikuwa amemchukua mbuzi hapo hapo.

Watson, kaka wa mumewe, hakupoteza muda. Alishusha mitumbwi, wanaume wakaanza kupiga maji kwa makasia, kwa kishindo, kama wanavyofanya kila siku kuwafukuza samaki waingie wavuni. Kelele zingemtisha mamba, na mtoto angekimbilia ufukweni. Mtoto mwingine yeyote angekimbilia.

Rosaria aliona matete yakitikisika mbali, kisha mbali zaidi, kuelekea kwenye kina. Akapaza sauti.

"Shemeji, acheni! Kelele ndizo zinamfukuza!"

"Mama Jessy, unataka tumwachie mamba?"

"Nataka mnyamaze!"

Dorica, mke wa Watson, aliangua kicheko kikavu penye vichanja vya samaki. "Munasikia? Mutoto alimuchokesha, sasa anamupatia mamba."

Rosaria alijua mtoto akifa, neno hilo litamfuata mpaka kaburini. Hata hivyo aliingia majini, akalikamata kasia la Watson kwa mikono miwili.

"Ukipiga tena, nipige mimi."

Makasia yakanyamaza. Ukimya ulikuwa mbaya kuliko kelele, maana sasa kila kilichotikisa maji kilisikika. Rosaria alipenya matete bila kuita, maji yakimpanda kiunoni, kisha kifuani. Upande wa kushoto kitu kizito kiliteleza, kikazama. Hakugeuka.

Alimkuta Jessy maji yakimfika kidevuni, viganja masikioni. Kama angemrukia, mtoto angekimbia. Rosaria akampa mgongo, akasimama, macho kwenye maji yaliyotulia mno. Akasubiri. Mwishowe vidole vidogo vikashika kitenge chake.

Walipotoka, hakuna aliyeshangilia. Wanawake walirudi nyuma, wakawaachia njia pana kupita kiasi.

"Ulimwita bila sauti," alisema Dorica, safari hii bila kucheka. "Na mamba akakupisha."

Rosaria alimwingiza mtoto nyumbani, akatia komeo mlangoni jua likiwa bado juu. Nje alimsikia Watson akiuliza nani anavuka kwenda Kilwa, ng'ambo ya ziwa, amlete mganga wa kunusa wachawi.