Mkuyu wa Marita

Wiki ya tatu tangu wahamishiwe kijiji kipya cha Ruanda, Marita alikuwa mlangoni pake akichambua maharage aliposikia mbavu zake zikigongwa mara tatu. Hapakuwa na mtu karibu. Ng'ambo ya uwanja, Amoni, katibu wa kijiji, alikuwa akigonga meza yake mpya ili mkutano unyamaze.

Meza ile ilitokana na mkuyu wa Marita. Kule walikotoka, kila mtoto wa ukoo alizikiwa kitovu chake shinani mwa mti, na cha Marita kilizikwa kwenye mkuyu uliokuwa juu ya chemchemi. Lori la Operesheni ya kuhamisha watu lilibeba vyungu, kuku na mahindi. Vitovu havikuwemo kwenye orodha. Ofisi ilipohitaji mbao, mti uliokuwa karibu na njia ni huo. Fundi alinung'unika kwamba mkuyu si mbao ya maana, akaupasua hivyo hivyo.

Ulitoa meza ya ofisi, meza ya Bwana kanisani na mlango wa choo cha shule. Tangu hapo Marita akawa kote huko. Jumapili aliusikia mkate ukiwekwa mgongoni mwake, taratibu, na hiyo ndiyo raha pekee aliyobakiwa nayo. Siku za kazi watoto walimfunga kwa kishindo kutwa nzima.

Alikwenda kwa Mchungaji Timotheo kuuliza sasa yeye ni yupi. Mchungaji alikuwa mtu mwema, ila mwoga. Alimwambia roho ya mtu ni moja na imo kifuani.

"Sasa mbona ukiiegemea ile meza mimi naishiwa pumzi?"

Jumapili iliyofuata Mchungaji aliegemeza mkono mmoja tu.

Amoni naye, alipoambiwa, hakubisha. Kwenye daftari la wakazi aliandika: Marita, mtu mmoja, pamoja na samani. Meza akaendelea kuigonga, kwani mikutano ilikuwa mingi.

Kilichobaki kule juu ya chemchemi ni kisiki na mizizi yake. Marita alisimama mkutanoni akakiombea. Mizizi ikitoka, alisema, maji yatakwisha, na yeye hajui atabakiwa na nini. Watu walimwonea huruma ya kweli, maana vitovu vyao navyo vilikuwa huko huko. Lakini shule ilitaka matofali, matofali yalitaka kuni, na wageni wa wilaya walishapanga siku ya kuja. Mikono ikanyooshwa.

"Tutachoma Jumatatu, mama," Amoni alimwambia kwa adabu. "Siku hiyo usiinjike chochote."

Jumatatu Marita alilala mkekani, moshi ukimtoka puani kidogo kidogo. Jirani yake, Leah, alimpepea kwa ungo. Leah alikuwa ameamkia chemchemini, akarudi na nusu kibuyu ya tope.

Saa tisa Amoni alikuja, akavua kofia, akampa pole. Kisha akauliza kama moto umeshafika kote, maana tanuri likizibwa mapema matofali hutoka mabichi.

Marita alifumba macho akajisikiliza. Alikuwa mkweli tangu utotoni, na uchungu wenyewe haukumfundisha tabia nyingine.

"Upande wa kushoto bado," akasema.

Amoni akashukuru, akaenda kuwaambia wachomaji waongeze mizizi.