Wacha Ipoe

Mimi ni mwoga, na ni afadhali niseme mapema kabla mtu hajanipigia makofi. Nilipokuwa mtoto kule Uriri nilimkimbia jogoo wa jirani mpaka darasa la nne. Huku kando ya ziwa, karibu na Sindo, nilikuja kuchapa barua na kutoa fotokopi, si kupambana na mtu. Kibanda changu kimepakana ukuta kwa ukuta na ofisi ya naibu chifu, na kila mwenye malalamiko hupitia kwangu kwanza. Yeye anaeleza, mimi nachapa, anaweka sahihi, kisha anapiga hatua tano kwenda kwa Nashon.

Nashon ndiye naibu chifu wetu, ingawa sote tunamwita Chifu. Ana mihuri miwili. Ule wa fomu za vitambulisho uko mezani, umejaa wino mpaka kwenye mpini. Wa pili, wenye neno IMEPOKELEWA na tarehe, hukaa mfuko wa ndani wa koti lake. Barua ikigongwa huo wa pili inakuwa ya serikali: ina siku iliyopokelewa, ina mtu wa kuulizwa. Isipogongwa ni maongezi tu. Basi Nashon huisoma, huikunja mara mbili, huitia kwenye droo ya chini na kusema, "Wacha ipoe."

Na nisimsingizie, mara nyingi hupoa. Mbuzi wa mzee Omanga akila sukuma wiki ya mtu, Chifu huenda mwenyewe, anakunywa chai, anasema maneno mawili ya kumtia haya mwenye mbuzi, na kesho yake mbuzi ana kamba shingoni. Tangu aajiriwe hakuna kesi iliyotoka kwetu kwenda kortini. Watu wanampenda. Mimi pia nampenda, na hapo ndipo shida yangu ilipoanzia.

Mwaka huu aliitwa semina Migori. Mwalimu wa chuo kikuu, Dakta James, aliwafundisha machifu siku nzima jinsi watu wa zamani na wa sasa walivyofikiria utawala. Mimi ndiye niliyetoa fotokopi ya daftari la Chifu, kwa hiyo najua. Asubuhi ilikuwa ya wafuasi wa Konfusio, Wachina wa kale walioamini kwamba kiongozi mwenye adabu huwafanya watu waone haya kukosea, na kwamba mahali pasipo na mashtaka pana kiongozi mwema. Kabla ya chakula ikawa zamu ya Watao, waliompenda kiongozi asiyeshikashika mambo, anayeyaacha yajipange yenyewe. Baada ya chakula ilikuwa sehemu ya tatu, utawala wa sheria. Kwenye daftari la Chifu sehemu hiyo ina kichwa tu, kimepigiwa mstari kwa rula. Alikula kuku wake akawahi gari la kurudi nyumbani.

"Nyar Kisii, unaona?" aliniambia, furaha imemjaa. Ndivyo wanavyoniita hapa, binti wa Kisii, ingawa jina langu ni Orpah. "Hawa Wachina walinijua hata kabla sijazaliwa." Akampigia Dakta James simu, akamwalika aje kuona kwa macho yake kata isiyo na kesi. Dakta alikubali kuja Alhamisi asubuhi.

Alhamisi hiyo ndiyo iliyokuwa imeandikwa kwenye barua ya Filister.

Filister ni mjane. Mumewe alifariki mwaka jana, na shemeji yake, Frankline, alitaka kumrithi yeye pamoja na shamba. Filister akakataa. Jumapili usiku jiko lake likachomwa. Jumatatu Frankline alimwambia, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya nyanya, kwamba akimkuta bado yupo Alhamisi jioni ataichoma na nyumba, na atafunga mlango kwa nje kwanza. Nilichapa maneno hayo mimi mwenyewe, na vidole vilikosea herufi kila mstari.

Barua iliingia kwenye droo. Filister alienda na nakala kituo cha polisi mara mbili, na mara zote mbili askari wa kaunta alimrudisha bila hata kuifungua: alete kwanza iliyopokelewa na chifu. Na mwenyekiti wa usalama wa Nyumba Kumi kwetu, mtu ambaye mwanamke kama Filister angemkimbilia, ni Frankline huyohuyo.

Alhamisi Frankline aliamka mapema kuliko sote. Saa mbili tayari alikuwa anapanga viti vya wageni mbele ya ofisi, anavipangusa kwa kitambaa, anapiga mluzi. Kisha akaingia kibandani kwangu.

"Nyar Kisii, habari ya asubuhi. Nitolee ratiba ya wageni, nakala kumi."

Nilitoa. Mashine ilikuwa polepole na yeye hakuwa na haraka. Alizunguka meza, akasimama nyuma ya kiti changu, akaangalia kompyuta. Nilihisi pumzi yake kwenye kitambaa cha kichwa.

"Wewe unaandika vizuri," akasema. "Unaandikia kila mtu. Hata mke wa ndugu yangu?"

"Mimi nachapa tu, baba. Sisomi."

"Vizuri." Akagonga ukuta wangu kwa kidole, mara mbili. "Hii ni mbao tupu, eh? Na unalala hapa nyuma."

Alichukua nakala zake akatoka. Nilitaka kufunga kibanda, nipande gari la kwanza la Migori, nirudi kwa mama yangu. Nakuambia ukweli, nilikuwa nimekwisha kuvuta mkoba.

Ndipo Filister akaingia kwa mlango wa nyuma na mfuko mdogo wa nguo. Midomo yake ilikuwa imekauka. Alisema ndani ya lile shamba kuna kaburi la mumewe na mihogo ambayo haijakomaa, na hana mahali pengine duniani. Tulienda kwa Chifu pamoja. Alikuwa anafunga tai mbele ya kioo.

"Jaduong', mzee wetu, leo ndiyo Alhamisi," Filister akasema. "Nigongee tu huo mhuri. Sitaki kitu kingine."

Nashon alimtazama kwa huruma. Huruma ya kweli, sitamnyima hiyo. "Nyathina, mwanangu, Frankline ni mtu wetu. Nikigonga hii, nitakuwa nimemtangazia vita, na atakasirika zaidi. Jioni wageni wakienda nitakuja kwenu, nikae na yeye, nimwongeleshe mpaka aone aibu. Wacha ipoe."

Dirisha lilikuwa wazi, na nje mluzi ulikuwa umekoma.

Wageni walifika saa nne, Dakta James na wenzake wawili. Chifu aliwapokea uani kwa hotuba. Jua lilipozidi alivua koti, akanipa nilitundike ofisini. Nililibeba kwa mikono miwili. Kwa kitambaa chepesi cha koti nilihisi kile kitu kigumu mfukoni.

Mimi ni Msabato. Sijawahi kuiba hata kalamu. Niliutoa mhuri, nikagonga barua ya Filister, nikagonga na nakala ya kubaki kwangu, nikaurudisha. Filister alikuwa amejificha nyuma ya kabati, amechuchumaa. Aliitia barua kifuani, akapita mlango wa nyuma, nikasikia bodaboda ikimchukua.

Kisha nikaitazama nakala yangu vizuri. Chini ya neno IMEPOKELEWA palisomeka: 9 MEI 2016.

Chifu hakuwa ameugusa mhuri ule tangu siku hiyo, na tarehe ilikuwa imebaki palepale. Barua ya mjane ilikuwa imepokelewa miaka minane kabla mumewe hajafa. Askari yeyote mwenye macho angejua ni ya kughushi. Wangemrudisha Filister kwa mara ya tatu, na barabara ya kurudi kwake ni moja, inapita mbele ya Frankline.

Nilitoka nje na sinia la soda kwa kuwa sikujua la kufanya na mikono. Nilipofika kwa Dakta James chupa zilikuwa zinagongana.

"Mwalimu," nikamnong'oneza, "ile sehemu ya tatu, ya baada ya chakula, ilisema nini?"

Alinishangaa, kisha akatabasamu. "Kwa ufupi, mama? Kwamba malalamiko ya mtu yasitegemee roho nzuri ya mtu mwingine. Yaandikwe, yapewe namba, yashughulikiwe hata kama mkubwa hataki."

Simu ya Chifu ikalia. Sikio lake la kushoto ni zito, kwa hiyo huongea kwa spika, na sote tukasikia sauti ya mwanamke: "Chifu, ni Sajenti Robi wa hapa kituoni. Niko na mama anaitwa Filister na barua imegongwa mhuri wako wa elfu mbili kumi na sita. Hii ni kazi yako?"

Chifu alipapasa kifua, akakumbuka koti liko ndani. Macho yake yakanijia mimi na sinia langu linalotetemeka. Akajua. Uso wake ukalegea kama wa baba aliyemkuta mtoto na sukari mdomoni.

"Sajenti, hiyo ni makosa madogo ya ofisi," akasema. "Hakuna neno. Rarua hiyo karatasi, umwambie huyo mama arudi nyumbani. Jioni nitaongea nao. Wacha ipoe."

Alikuwa ananiokoa. Kwa moyo wake wote mwema alikuwa ananifichia kosa, na huku nyuma yake Frankline alikuwa amekwisha kusimama, anatoa funguo za pikipiki mfukoni bila haraka. Alikuwa ananitazama mimi, na alikuwa anatabasamu.

Sijui niliipata wapi sauti. Sinia lilianguka, soda ikamwagika kwenye viatu vya wageni.

"Sajenti!" nilipiga kelele kuelekea simu. "Usirarue! Ni mimi nimeiba mhuri wa serikali! Mimi Orpah wa kibanda cha kompyuta. Nimegonga barua ya uongo, na nakala nyingine ninayo hapa. Njoo unikamate!"

Chifu alinyoosha mkono kuzima simu, kidole kikakosa kitufe.

"Umesema nini, mama?" Robi akauliza.

Nikarudia yote, polepole, huku nalia.

"Sawa," akasema, na sauti yake ilikuwa imebadilika. "Chifu, huo mhuri mtu asiushike, ni ushahidi. Mama wewe kaa hapo, nakuja na gari. Na huyu Filister hatoki hapa kituoni. Ni shahidi."

Frankline alirudisha funguo mfukoni.

Kituoni nilivuliwa viatu. Sajenti Robi ni mtu wa Kehancha, mfupi, mwandiko wake ni mzuri. Alifungua kile kitabu kikubwa cha matukio wanachokiita OB, akaandika jina langu na kosa langu. Kisha akasema kielelezo lazima kisomwe. Akaifunua barua, akaisoma kwa sauti, akaandika huku anasoma: jiko, Jumapili usiku, jina la Frankline, nyumba, mlango kufungwa kwa nje. Alipofika hapo aliinua kalamu, akamtazama askari wa kaunta.

"Huyu mama amekuja hapa mara ngapi?"

"Mara mbili," askari akajibu. Robi akaagiza wawili waende wakamlete Frankline, kisha akaanza ukurasa mpya kwa jina la Filister.

Saa kumi Chifu alifika. Bila tai alionekana mzee. Hakunikasirikia, na heri angenikasirikia. "Sajenti, huyu ni mtu wangu, nimemsamehe," akasema. "Na hao wengine ni familia. Tuyamalizie nyumbani. Wacha ipoe."

"Chifu, pole," Robi akasema. "Iko na namba."

"Ni namba gani?" Filister akauliza kutoka kwenye benchi. Robi akamtajia. Filister akaomba kalamu, akaiandika kwenye kiganja.

Mlango wa seli uliponifungia nilianza kulia kwa woga, bila kujizuia, kama yule mtoto wa Uriri. Sikujua wangenifunga muda gani, wala nani angelinda kibanda changu cha mbao. Nje, kwenye benchi, nilimsikia Filister akiisoma namba yake, tarakimu moja moja, kisha akaanza tena mwanzo.