Maji Yaliyo Chini ya Bomba

Naibu wa mwalimu mkuu, Mwalimu Shikanga, alinipa cheo cha kugawa maji kama adhabu. Nilikuwa nimebandika tangazo kwamba kuoga kumepigwa marufuku hadi Desemba, likiwa na muhuri nilioutengeneza kwa kiazi. Pampu ya shule ilikuwa imeungua siku tatu kabla, kwa hivyo nusu ya shule iliamini.

"Unapenda kutangaza," alisema. "Sasa tutangazie hesabu."

Nilipanda ngazi nikagonga tangi kwa kidole, kama tunavyofanyanga, mpaka sauti ikabadilika. Lita elfu mbili mia nne. Jikoni walihitaji mia sita, kila mwanafunzi lita tano. Nikaandika ubaoni kwa unyenyekevu wa kiongozi: 5x + 600 ≤ 2,400. Maana yake, wanafunzi wasizidi 360. Sisi tulikuwa 358. Nilijipigia makofi moyoni.

Ili nisiitwe mwizi, niliweka bweni langu mwisho wa foleni.

"Mheshimiwa, ongeza kidogo!"

"Hata tone moja, ndugu mwananchi. Songa."

Saa nane mchana, mtu wa 284 aliondoka na maji yake. Bomba likakohoa, likanyamaza. Nilikimbia kuangalia. Bomba lilikuwa limepachikwa upana wa kiganja juu ya sakafu ya tangi, na maji yaliyo chini yake hayatoki. Mimi nilikuwa nimeyahesabu.

Watu sabini na wanne walibaki na ndoo tupu. Mmoja alikuwa Simiyu, anayelala kitanda kilicho chini ya changu. Simiyu ana ugonjwa wa selimundu. Asipokunywa maji mengi, damu hukwama mishipani. Tangu asubuhi alikuwa amekunywa kikombe kimoja tu, akingoja zamu yetu.

Saa tisa alikuwa amejikunja sakafuni, ameshika nyonga.

"Si ulisema yatatutosha?" aliniuliza.

"Hesabu ilisema."

"Na wewe ulisema."

Nesi Pascalia aliingia mbio. "Ambulensi inatoka mjini. Gari la shule limeenda Lubao kutafuta maji, na chupa za kantini ziliisha jana. Maumivu yakifika kifuani, tumekwisha. Wewe, nipe maji. Usinipe maneno."

Nilikimbia tena kwenye tangi. Nilivua viatu, nikapangusa miguu kwa shati langu la Jumapili, nikajipenyeza kwenye mfuniko wa tangi. Ndani kulikuwa na joto la tanuri. Maji yalinifika vifundoni, yakinuka tope. Nilichota kwa kikombe, nikampitishia kiranja Were aliyekuwa juu ya ngazi.

"Ya kwanza ni ya Simiyu! Chujeni, mchemshe!"

"Umeyakanyaga, buda."

"Ndiyo maana nimesema mchemshe!"

Nilichota mpaka mgongo ukawaka. Muda ulipita ambao siwezi kuupima.

"Were! Amekunywa?"

"Ametapika."

"Mpe tena."

Nilibonyeza paji la uso kwenye plastiki ya tangi na kuomba, jambo ambalo kasisi wetu hataliamini.

"Haya yamekaa tumboni!" Were alipaza sauti. "Lakini bado analia."

"Mpe mengine."

Kisha nikasikia injini. Were aliniteremshia chupa. "Ambulensi. Nesi anataka ya kubeba njiani."

Niliijaza, nikamkumbusha Were yachemshwe kwanza. Baadaye nilisikia mlango ukifungwa na gari likiondoka. Sikumwona Simiyu. Nje, watu sabini na watatu walikuwa wamejipanga na ndoo zao. Nikainama, nikaendelea kuchota.