Maziwa ya Askari

Majirani walimwita Kamusi, na jina hilo lilimganda kuliko lile alilopewa na bibi yake. Ukimsalimia asubuhi amezama katikati ya sentensi, atakujibu kwa lugha ya watu wengine, halafu akutumbulie macho kana kwamba wewe ndiye mgeni. Kazi yake ilikuwa kutafsiri vitabu. Aliyachukua maneno ya hapa akayavusha hadi kwa watu asiowajua na wasiomjua, na kazi aliijua, na maringo ya mtu anayeijua kazi alikuwa nayo.

Mwaka ule wakamletea kitabu. Si kitabu hivi hivi, kitabu chenyewe! Kile ambacho kila aliyepita shule alikisoma, akakililia, akafanyiwa nacho mtihani. Kilihusu nchi isiyokuwepo, ambako vilima huhama usiku na ramani ya jana leo haifai hata kufungia karanga, na mto hutunza sauti za wote waliouvuka. Mwandishi wake alikitunga vita vilipokwisha tu, siku ambazo kuvitaja vita kwa jina lake kulikuwa kujitafutia makubwa. Basi akazua nchi. Wakubwa walisoma wakacheka, wakasema hizi ni hadithi za watoto. Wenye vita vyao moyoni walisoma wakafunika nyuso, maana vile vilima walivijua, walivipoteza na kuvirudisha mara ngapi sijui, na kila mara waliacha watu juu yake.

Katikati ya nchi hiyo alitembea askari aliyeitwa Kimya, aliyebeba majeruhi mgongoni kuvuka vilima vinavyohama, asiseme neno. Jalada lilimchora na masharubu mazito. Kamusi alimpenda Kimya tangu akiwa na miaka kumi na miwili, na nakwambia alimpenda kwelikweli. Wanaume wawili walikuja kumposa, wakapimwa kwa Kimya, wakaonekana hawafiki kimo chake. Mmoja wao alikuwa daktari!

Aliishi na mama yake, fundi wa cherehani, katika nyumba ndogo ya vyumba viwili vinavyopakana, ukumbi mwembamba, na jiko ambalo wakiingia wawili mmoja lazima atoke kinyumenyume. Waliishi kwa heshima. Heshima ilikuwa nyingi mno, ukiniuliza mimi. Hawakugombana, hawakukumbatiana.

Chanzo kilikuwa hiki. Vita vilipoanza, baba yake Kamusi aliuawa, na mama yake akaondoka. Alimwacha mtoto wa mwaka na nusu, hajaacha hata ziwa, kwa bibi yake, akatokomea zaidi ya miaka miwili. Aliporudi mtoto alimwita shangazi. Alikuwa wapi? "Kazini, jikoni, mjini," alisema, na hakuongeza kitu. Watu wakaongeza wenyewe. Mama mdogo, ambaye mdomo wake haukuwahi kupata likizo, ndiye aliyemweleza Kamusi siku moja akimsuka nywele: "Mama yako alifuata mwanamume. Usimwambie kama nimekwambia." Hakumwambia. Alilimeza lile neno likamkaa rohoni, likakua naye.

Na kulikuwa na suala la viatu. Kila alipovivua usiku, mama aliviweka chini sambamba, kwa uangalifu kama anayelaza watoto. Katika nyumba ya bibi vilitazama mlango wa chumba chake. Kamusi, akiwa mdogo, alivichungulia kutoka upande wa pili wa ukumbi, alikolala na bibi, akaelewa kama mtoto anavyoelewa: huyu bado yuko safarini, wakati wowote atavivaa aende. Usiku mwingi alipigana na usingizi akivilinda. Walipohamia nyumba hii ya sasa, viatu vikawa vinatazama ukuta. "Mama, vimefanya kosa gani hadi uvipe adhabu?" Kamusi alimtania. Mama akajibu, "Viache, vimezoea."

Sasa, Kamusi alikuwa na mtindo wake. Kabla ya kutafsiri ukurasa aliusoma kwanza kwa sauti, apate pumzi yake. Wiki alipoanza kitabu kile, mama alihamisha cherehani kutoka dirishani akaiweka ukumbini, mlangoni pa Kamusi. "Nafuata mwanga," alisema. Mwanga gani? Ukumbini mchana mtu hupapasa! Lakini Kamusi ana shughuli zake, ataona saa ngapi.

Lugha aliyokuwa akitafsiria ina ukorofi mmoja. Huwezi kusema "alikwenda" ukaishia hapo. Lazima utamke kama aliyekwenda ni mwanamume au mwanamke, ukikataa sentensi haisimami. Hilo halikumsumbua. Kimya ni askari, tena ana masharubu, basi ni mwanamume, na mwanamume akamwandika, ukurasa baada ya ukurasa, hadi alipofika kwenye maziwa.

Kila mtu anapajua hapo kwenye maziwa. Kimya anapita kwenye mji uliobomolewa, anasikia kichanga kinalia ndani ya nyumba isiyo na paa. Kamusi alisoma kwa sauti: "Akaingia. Akakiokota. Kifua chake kikajibu, maziwa yakaja, na nchi nzima ikanyamaza kumsikiliza mtoto akimeza." Kuna msomi aliyeandika kitabu kizima juu ya sentensi hizo. Alisema askari ni taifa na maziwa ni matumaini ya kesho. Watoto shuleni waliandika hivyo hivyo wakapewa alama zao.

Kamusi akatafsiri, akasoma alichoandika, akashika kichwa. Kwa lugha ile ilikuwa kichekesho. Mwanamume, masharubu na yote, ananyonyesha! Kwa Kiswahili sentensi ilimsimamisha nywele, na kule ng'ambo watu wangeangua kicheko. Akajaribu hivi, akajaribu vile, akafuta, mwisho akalalamika kwa sauti: "Ajabu hii nitaivusha vipi jamani?"

Cherehani ikanyamaza ukumbini.

"Ajabu iko wapi hapo?" mama aliuliza.

"Mama, askari anatoka maziwa!"

"Si amesikia mtoto analia? Kama na yeye alimwacha wake ananyonya, ulitaka yafanyeje maziwa? Yangeuliza kwanza huyu ni mtoto wa nani?" Cherehani ikaanza tena, mbiombio.

Kamusi akarudi ukurasa wa kwanza wa kitabu, akasoma. Alikwenda. Alibeba. Alilala. Akaruka mbele, akaruka nyuma, akatafuta neno moja tu, moja, linalosema Kimya ni mwanamume. Baba? Hakuna. Kaka? Hakuna. Wenzake wanamwita Kimya, wakubwa wake wanamwita askari. Masharubu ni ya mchoraji! Kitabu kizima, na kila mtu nchini amekisoma, na kila mtu amemwona mwanamume ambaye hakuandikwa popote.

Akapiga moyo konde, akampigia mwandishi. Yule mzee sifa zake zilijulikana. Hakuwa na subira na waandishi wa habari, wasomi, wala mtu yeyote aliyeanza swali lake kwa pongezi. Kamusi hakupongeza.

"Shikamoo mzee. Mimi ndiye ninayetafsiri kitabu chako. Kimya ni mwanamume au mwanamke?"

Upande wa pili akasikia mzee anacheka, cheko la mtu aliyechoka kungoja.

"Marahaba, binti. Wameniuliza kuhusu vilima, kuhusu mto, hata kuhusu punda, na punda mwenyewe yumo ukurasa mmoja tu! Hilo hakuna aliyewahi kuniuliza."

"Kwa hiyo ni mwanamke."

"Alinibeba mimi kutoka asubuhi hadi jua linazama. Huyo ndiye Kimya. Vita vilipokwisha, majina ya askari yalipoitwa wapewe heshima zao, wanawake waliandikwa kuwa wapishi. Na aliyejitangaza kuwa alipigana, nani angemwoa, nani angemwachia mtoto amshikie? Akaniapisha nisimtaje. Nami nisingeweza kukaa bila kumwandika, ningepasuka. Nikafikiri, lugha yangu hainilazimishi. Nikaandika alikwenda, alibeba, alilala. Sikuongopa hata mahali pamoja. Hata maziwa niliyaona kwa macho yangu, na wao wakasema nimetunga! Vilima ndivyo nilivyotunga, binti. Vilima tu."

"Kuna kitu chochote kumhusu ambacho hukukiandika?"

"Kimoja. Ningekiandika, wa nyumbani kwake wangemjua. Alikuwa amemwacha mtoto kwa mama yake. Basi kila tulipolala, popote pale, hata kwenye matope, alivua viatu akavipanga sambamba, vikitazama upande aliko yule mtoto. Tulimwuliza, akasema visije vikasahau njia. Ndiyo maneno marefu kuliko yote niliyowahi kumsikia akisema. Haloo? Binti, upo?"

Alikuwepo. Aliaga hajui kaaga vipi.

Alitoka chumbani, akapita kando ya cherehani bila kumtazama aliyeketi hapo, akaingia chumba cha mama yake. Viatu vya kutokea vilikuwa mahali pake, chini ya kitanda, sambamba, vinatazama ukuta. Akainua macho. Ukuta mweupe, msumari mmoja, kalenda. Akarudi chumbani kwake kuhakikisha, mjinga, kama mtu asiyeijua nyumba aliyolala miaka yote, akaweka kiganja upande wake wa ukuta ule ule. Chini ya kiganja chake palikuwa na mto wake wa kulalia.

Na ule mlango wa nyumba ya bibi? Ulitazama wapi ule mlango? Ulitazama ukumbi, na ng'ambo ya ukumbi palikuwa na chumba cha bibi, na ndani yake mtoto anapigana na usingizi, analinda viatu visiondoke, na viatu vinamlinda yeye. Lo! Akaketi kitandani. Alikuwa amekaa miezi na nchi ya vilima vinavyohama, akiistaajabia kila siku, na nchi yenyewe ilikuwa hapa mlangoni inashona sketi ya mtu.

"Mama."

"Naam."

"Viatu vyako vinatazama kitanda changu."

Cherehani ikasimama. "Vitazame wapi tena?" alisema mama yake.

Hapo Kamusi alilia. Alilia bila maringo yoyote, makamasi na yote, na mama akaja akasimama mlangoni na futi yake ya kupimia shingoni, asijue aingie au abaki.

"Amekwambia yule," mama alisema. "Nilijua hatakaa nalo. Hata nilipombeba alilalamika njia nzima, na alikuwa mzito huyo, usimwone hivi."

"Mama mdogo aliniambia ulifuata mwanamume."

"Najua. Alimwambia kila mtu."

"Mbona hukukanusha? Miaka yote hii, mama! Nimekuchukia nikiwa humu humu ndani."

Mama aliitazama mikono yake, akaigeuza. "Walikuwa wanakuja upande wetu, mwanangu. Baba yako wameshamuua, na baada ya pale ingefuata nyumba ya bibi yako, na wewe ndani yake. Nikaenda kuwazuia. Huwezi kuwazuia watu wale kwa kuwaomba." Akaendelea, "Niliporudi ulikuwa unaniogopa, unaniita shangazi. Nikasema, huyu akijua mikono hii imefanya nini, hataniacha nimwogeshe. Nikaona bora unichukie. Anayekuchukia bado unaweza kumwogesha."

Kamusi alisimama akaishika ile mikono. Ilikuwa na sugu za mkasi na harufu ya mafuta ya mashine. Aliishika kwa woga, lakini si woga ule ambao mama aliuogopa miaka yote. Ulikuwa woga wa mtu aliyeingia mahali pakubwa bila kubisha.

"Kumbe nimewakataa wanaume kwa ajili yako," alisema katikati ya kilio.

"Eti nini?"

"Nitakueleza."

Walikaa kitandani, bega kwa bega, jua la jioni likiwa ukutani. Kisha Kamusi akakumbuka kazi. "Mama, lugha hii haikubali nikufiche. Nikiandika mwanamume nimeongopa. Nikiandika mwanamke, habari itarudi hadi huku. Sema wewe. Ukikataa, nitawarudishia wachapishaji kazi yao."

Mama akawa anavuta uzi uliomganda kwenye sketi. Nje mtoto wa jirani aligonga mlango mara mbili kuulizia nguo ya mama yake, hakujibiwa, akaenda zake.

"Mtoto ananijua sasa," alisema hatimaye. "Wengine niwafiche wa nini? Andika." Akaongeza, "Na yale masharubu wayatoe."

Kamusi akaketi mezani, akafuta, akaandika upya sentensi za maziwa. Safari hii zilisimama wima bila kuyumba. Akazisoma kwa sauti. Mama yake, ambaye kwa lugha ile hakujua hata salamu, alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa, kama anavyosikiliza mashine yenye kasoro.

"Mimi niko wapi hapo?"

"Hapa." Kamusi alimwonyesha neno lenyewe linalosema ni mwanamke, silabi moja, herufi za kuhesabu.

"Kadogo hivi?"

"Kadogo hivyo hivyo."

Mama alivaa miwani yake, akainama, akaweka kidole chake cha fundi juu ya lile neno. Akalijaribu mdomoni, akalikosea. Akalijaribu tena. Kisha kidole kikashuka taratibu kwenye ukurasa, kikalipata mstari wa pili, kikalipata mstari wa nne, kikalipata tena chini kabisa, na kila kilipolipata alilitamka, kwa sauti iliyozidi kupanda, hadi majirani wakanyamaza kusikiliza.