Kipaji cha Badibanga

Siku Badibanga Henri aliporudi nyumbani kutoka lopitali, kitu cha kwanza alichofanya ni kutema mate ndani ya sufuria ya sombe. Mkewe Adèle alikuwa ametwanga majani yale ya muhogo tangu alfajiri, akayatia mawese mengi kama mumewe alivyopenda, na mwiko ulikuwa bado mkononi mwake. Kwanza alidhani ni kikohozi kimemshinda mgonjwa. Akamtazama usoni ili ampe pole, na usoni pale hakuona haya hata chembe.

"Inanuka," alisema Badibanga. "Kama weye."

Binti yao Philomène, mtoto wa miaka tisa, alicheka akidhani baba anafanya mzaha. Kofi lilimkuta kabla hajafunga mdomo, likamvunja jino.

Katika kambi ya wafanyakazi wa reli pale Kindu, mtu huyo huyo aliitwa Maji Baridi. Alikuwa Mluba wa Kasai, fundi wa breki za mabehewa kwa miaka kumi na moja, na wawili wakishikana mashati kambini, wa kwanza kuitwa alikuwa yeye. Alikaa katikati yao, akavua kofia, akanyamaza hadi wao wenyewe wakaona aibu. Msimamizi wa karakana, Mzungu mmoja mwenye shingo nyekundu, aliwaita mafundi wake makako, yaani nyani, tangu king'ora cha asubuhi hadi cha jioni. Badibanga alilimeza neno hilo kila siku. Alirudi nyumbani, akanawa mikono, akala, asilitaje.

Halafu ikaja Jumatano ile ya mwezi wa tano, mwaka wa elfu moja mia tisa hamsini na mbili. Behewa lilikuwa limenyanyuliwa kwa jeki. Meno ya jeki yakateleza, mpini wake wa chuma ukaruka, ukampiga Badibanga kwenye kipaji cha uso, juu kidogo ya nyusi, ukatoboa mfupa. Watu walipiga ukelele wakijua amekwisha. Yeye hata hakuanguka. Alibana kofia juu ya tundu, akatembea kwa miguu yake mwenyewe hadi lopitali, damu ikimchuruzika shingoni, akajibu jina lake, la mkewe na la parokia alikobatizwa. Homa ilimkamata, usaha ukamtoka kwa majuma, lakini juma la sita daktari alimwambia nenda nyumbani, umepona. Ulimi haukutatiza, mguu haukuchechemea, hesabu alizijua zote. Kindu nzima ilisema Mungu ni mkubwa.

Adèle naye alisema hivyo, mpaka siku ile ya sombe.

Baada ya hapo hapakuwa na siku ya afadhali. Badibanga alinyakua nyama katika sahani ya mtoto. Aliwashika wake za watu kiunoni bombani, mchana kweupe, na wakipiga kelele alicheka. Kwenye matanga ya jirani alisema kwa sauti kwamba maiti ananenepa. Akikasirika alipiga kilicho karibu, na dakika mbili baadaye aliuliza chakula kiko wapi, kama vile aliyelia pembeni alikuwa analilia mambo yake mengine. Adèle alijifunza kusikiliza hatua zake mlangoni. Alijifunza pia kumchukia, na jambo hilo lilimtisha kuliko makofi.

Ntumba, kaka mkubwa wa Badibanga, alikuwa mpiga kengele wa stesheni na mkubwa wa ukoo wao pale Kindu. Alikuja Jumapili baada ya misa, akakataa kiti, akasimama katikati ya nyumba.

"Mudogo wangu alikuwa muntu," alisema. "Chuma kilimupiga, akatembea, akasema na munganga, akili yake yote iko. Ameingia katika nyumba hii, amekula chakula cha mukono wako, amegeuka nyama ya pori. Sasa uniambie, Adèle, ulimulisha nini?"

"Shemeji, hata ile chakula ya kwanza hakuila. Aliitemea mate."

"Sababu alijua mulikuwa nini ndani!"

Majirani walikuwa wamejaa dirishani. Neno mulozi, yaani mchawi, halikutamkwa siku hiyo, lakini kuanzia Jumatatu wanawake walisogeza ndoo zao bombani Adèle akija, na mama mmoja alimfuta mwanawe uso kwa kanga kwa sababu Adèle alikuwa amemgusa shavu. Aliyebaki kumsalimu ni Hadidja peke yake, mama wa Kiislamu kutoka Alunguli, aliyevuka Lualaba kwa mtumbwi kila asubuhi kuja kuuza mchele. Idi ilipofika, Hadidja alimletea kichwa cha mbuzi, akakiweka mlangoni na kusema, "Pika, mama. Anayekusema, asikushindishe njaa."

Jioni ya siku hiyo ya Idi, Badibanga, aliyekuwa amerudishwa kazini, akiwa bado karakanani, alikuja Florentin. Huyu alikuwa kaka mkubwa wa Adèle, muuguzi wa lopitali, mtu mwembamba wa maneno machache. Alikuwa ameyasikia ya Ntumba. Alikiona kile kichwa cha mbuzi juu ya ubao, akakitazama kwa muda, kisha akaomba panga.

"Sogea hapa," alimwambia dada yake. Akapasua fuvu kwa mapigo mawili, akalifungua kwa vidole kama mtu anayefungua papai. "Ubongo unaujua. Unaupika kila mwaka. Sasa uangalie. Huku nyuma njo kazi ya kuona. Huku chini, ndani kabisa, mule mumelala woga, hasira, njaa na tamaa. Mbuzi iko navyo, miye niko navyo, hata padri iko navyo. Na hapa mbele, unaona? Kwa mbuzi ni padogo. Kwa muntu panajaza kipaji chote cha uso. Hapa njo panasema: ngoja."

"Ngoja?"

"Hasira inapanda, hapa panasema ngoja. Mukono unataka nyama ya mutoto, hapa panasema ngoja, yule ni mutoto wako. Ile siku ya chuma, miye njo nilishika bakuli. Daktari alitoa vipande vya mfupa. Pamoja navyo ikatoka ingine, nyeupe, laini, kama kijiko kizima. Na ile iliyobaki iliozea katika usaha."

Adèle aliushika ukingo wa ubao. "Itarudi?"

"Hapana. Mfupa unaunga. Ile haiungi."

"Kwa hiyo hanichukii? Ni ugonjwa tu?"

Florentin hakutaka kumdanganya. "Hasira yake ni ya kweli, dada. Hata zamani alikuwa nayo, kama miye na weye. Alikuwa anaishika. Sasa hana tena cha kuishikia."

Ndipo Adèle alipomgeukia kaka yake, na alichokisema hakikuwa asante. "Majuma sita ulijua. Ukamuacha aje kulala na mutoto wangu nyumba moja. Ntumba ananiita mulozi mbele ya watu, weye unajua, unanyamaza!"

"Nilikuwa natumaini..."

"Tumaini lako limevunja jino la Philomène. Toka."

Florentin alitoka bila kunawa mikono.

Hazikupita siku kumi, Badibanga akampiga Mzungu. Mafundi waliokuwepo walisimulia wakitazama huku na huku. Msimamizi alipita kwenye mabehewa, akasema neno lake la kila siku, tena hakumwambia Badibanga, alimwambia mwingine kabisa. Badibanga aliweka spana chini, akamwendea, akamzaba kofi lililoangusha kofia yake ya jua, kisha akaikojolea ile kofia. Askari wanne walihitajika kumfunga. Karakanani hakuna aliyecheka, lakini nyumbani, milango ikiwa imefungwa, wapo waliocheka hadi wakajishika mbavu. Adèle aliwasikia kupitia ukuta. Walewale waliosogeza ndoo zao sasa walikuwa wakimsifu mumewe, na hilo nalo lilimchoma.

Kesi ilisikilizwa barazani kwa Mzungu wa wilaya. Karani wa kutafsiri alikuwa amekwenda Kailo kikazi, kwa hiyo Florentin akaitwa ageuze Kifaransa kuwa Kiswahili, mshtakiwa na watu wake wapate kuelewa. Adèle alikaa kwenye benchi la mbele. Ntumba alikaa mwisho kabisa wa benchi hilohilo, amempa mgongo.

Mzungu wa wilaya aliuliza swali moja: je, jeraha la kichwa ndilo lililomfanya mtu huyu apige? Daktari akasimama. Hakumtazama Badibanga. Alizungumza kwa upole, kama mtu anayeeleza namna ya kulima bustani, na Florentin akafuata nyuma yake, sentensi kwa sentensi.

"Bwana daktari anasema, jeraha limepona vizuri." Akasubiri. "Anasema, sehemu ya mbele ya ubongo, kwa Mzungu, ndiyo inayotawala hasira." Akasubiri tena. "Anasema, kwa mtu mweusi sehemu hiyo imelala tangu kuzaliwa. Kwa hiyo mtu mweusi huongozwa na silika, kama mtoto mdogo. Anasema, chuma hakikuondoa kitu, maana hapakuwa na kitu. Badibanga anaonyesha tu alivyoumbwa."

Badibanga alijikuna penye pingu, akauliza kama kuna wali.

Kazi ya Florentin ilikuwa imekwisha hapo. Alitakiwa kurudi nyuma hatua moja. Badala yake alisema, kwanza kwa Kifaransa, kisha kwa Kiswahili ili watu wake wasikie:

"Bwana daktari, kama sehemu hiyo ilikuwa imelala, ni nani aliyemnyamazisha mtu huyu miaka kumi na moja? Msimamizi yuko hapa. Aulizwe alimwita makako mara ngapi, na mara ngapi alipigwa. Mtu aliyekuwa akivumilia alikuwepo. Mimi nilimbeba ndani ya bakuli, nikamwaga shimoni nyuma ya lopitali, kwa amri yako."

Daktari alipauka kwanza, kisha uso ukamuiva. Alisema neno moja la Kifaransa ambalo Florentin hakulitafsiri. Msimamizi alitazama viatu vyake. Mzungu wa wilaya aligonga meza, akasema mtafsiri hakuulizwa, na kwamba kofi kwa Mzungu ni kofi kwa serikali. Badibanga akapewa mwaka mmoja gerezani. Florentin alipewa barua kabla jua halijazama: ahamie zahanati ya porini upande wa Lubutu, aondoke na lori la kwanza.

Adèle alimkuta akifunga sanduku. Hawakuombana radhi. Alimkunjia mashati mawili, akamfungia mchele na samaki, na walipofika kwenye lori akamwita yaya, yaani kaka mkubwa: "Ulisema, yaya. Nilisikia." Florentin aliitikia kwa kichwa. Lori likaondoka.

Kambini Ntumba alikuwa akimngoja na wanaume wawili wa ukoo. Alitaka Adèle aape kwa kunywa dawa, ukweli ujulikane. "Ndugu yako ametumwagia maneno ya Wazungu," alisema. "Mambo ya bakuli. Miye nataka ukweli wa kwetu."

"Wazungu wenyewe waliyakataa," alijibu Adèle. "Daktari amesema Badibanga aliumbwa vile. Weye unasema miye nilimuloga vile. Nyinyi wawili mungeketi pamoja, mungepatana." Akavuta pumzi. "Sitakunywa kitu. Bwana yangu alikufa ile Jumatano. Huyu aliyebaki ni mugonjwa, nitamupelekea chakula juu ni mugonjwa. Lakini mutoto wangu hatalala tena pale iko mukono wake. Akitoka kifungoni, yeye ni wako. Umulishe weye, tuone kama chakula chako hakina uchawi."

Mmoja wa wale wanaume aliinua mkono ampige. Adèle hakusogea, akamtazama, na mkono ukashuka.

Kesho yake alivuka na Philomène hadi Alunguli, akapanga chumba nyuma ya nyumba ya Hadidja, akaanza kuuza mchele naye. Kila Alhamisi alipeleka chakula gerezani. Badibanga alikula mbele yake kwa mikono yote miwili, akamtukana, akauliza mbona nyama ni kidogo. Hakuuliza habari za Philomène hata mara moja. Mwanzoni Adèle alirudi mtumbwini akilia. Baadaye alirudi akiwa amechoka tu.

Mwaka ulipotimia, Ntumba alimpokea mdogo wake kwa mbuzi na nyimbo. Adèle alisikia habari hizo sokoni, akaendelea kupima mchele.

Siku ya kumi na tatu, asubuhi, Ntumba alishuka kutoka mtumbwini upande wa Alunguli. Mdomo wake wa juu ulikuwa umechanika na kuvimba, na mkono wa kushoto ameufunga kwa kitambaa. Alisimama nje ya uzio. Adèle alikuwa akipepeta. Hakumkaribisha, wala hakusimama.

"Alinipiga kwa sababu ya mufupa wa kuku," alisema Ntumba. "Miye, mukubwa wake. Kisha akaniuliza juu ya nini sicheki."

Adèle aliendelea kupepeta.

"Muke wangu amekimbia na watoto. Adèle, nifanye nini naye?"

Angeweza kusema mengi. Alikuwa ameyatunga mwaka mzima, mtumbwini, kwenda na kurudi. Aliweka ungo chini.

"Umulishe mapema, njaa haijamukamata," alisema. "Akiwa na njaa, usisimame mulangoni. Panga na visu uvifiche. Akikutukana usimujibu, usimucheke, usimushike bega. Umupe kazi ya mikono, kitu cha kufungua na kufunga. Ufundi wake ungali mikononi. Na asikae na mutoto peke yake. Hata dakika moja."

Ntumba alisubiri kama kuna zaidi. Mdomo wake uliochanika ulijaribu kusema jambo, labda samahani, labda tusi, haikujulikana.

"Njo yote," alisema Adèle. "Sasa uende, mtumbwi haungoji."

Akachukua ungo wake.